Vitazoeana

Babu yangu Kirunda alipuliza mirija ya maabara,
hospitalini Jinja, vioo vyembamba vya kupimia mikojo na damu,
na hakuna mgonjwa hata mmoja aliyemjua kwa jina.
Alifundishwa na Devshi, fundi mfupi
ambaye shavu lake la kulia lilituna kuliko la kushoto.
Mwaka wa sabini na mbili Devshi alifunga mizigo kwa siku tatu,
akamwachia bomba la chuma, koleo mbili,
na ufunguo wa chumba ambacho kesho yake
askari walikivunja mlango.

Baba, Tenywa, alipuliza chemni za taa.
Umeme ulipokatika, tulikula.
Uliporudi, tulishinda na uji.
Alinifundisha kama panya: anauma, anapuliza.
“Usipulize kwa hasira, Nangobi. Kioo kinasikia.”
Kofi. Kisha maji ya baridi
juu ya kidole nilichokiunguza.

Mimi napuliza vitu visivyo na kazi.
Ndivyo anavyosema mama, akihesabu magunia ya chupa
tunazonunua kwa vijana wa Masese, kwa kilo,
za kijani, za kahawia, bado zina harufu ya ulevi wa jana.
Tanuri linakunywa oili chafu ya magari
na kunguruma hadi majirani wa Walukuba
wamezoea kulala nalo kama mvua.
Nachovya bomba, nazungusha.
Asali nyekundu inaning'inia, inataka sakafu,
naizuia kwa mzunguko tu, na kwa pumzi,
pumzi ndogo, ile ya kupoza uji wa mtoto.
Linatoka tumbo. Inatoka shingo.
Kitu kama kibuyu
kilichomkumbuka mwanamke, kikamsahau.

Juu ya kabati la mama kuna tufe la babu,
ukubwa wa ngumi, limezibwa pande zote.
Ndani mna hewa ya mapafu
yaliyokwisha kuzikwa Bugembe.
Tunalipangusa vumbi Jumamosi.
Hakuna anayelitikisa.

Mwezi wa nne nilialikwa kwenye maonyesho Kampala
nikataka kazi moja yenye sisi watatu:
vipande vya mirija ya babu, kutoka sanduku la chini ya kitanda,
chemni ya baba iliyopasuka mdomo,
na chupa zangu.
Baba alitazama, akakohoa.
“Kioo cha mzee kinataka moto mkali zaidi.
Na kikipoa hakinywei kama chako. Vitagombana.”
Nikasema vitazoeana.

Siku mbili mtungi ulilala kwenye majivu ya moto.
Niliutoa mzima.
Niliuinua dirishani, ukashika asubuhi yote,
kijani, kahawia, na ule weupe wa babu
kama mtu aliyemwaga maziwa akakimbia.
Tukala chakula cha mchana.
Saa tisa, bila mtu kuugusa, ukasema: ti.
Baadaye: ti, ti.
Usiku kucha ulisema,
kama ndugu wanaogawana shamba kwa sauti ya chini.

Kulipokucha ufa ulikuwa umezunguka
palepale weupe unapopita, haukukosea hata unywele.
Baba hakusema nilikuambia.
Alifungua mota mbovu ya feni, akatoa waya wa shaba,
akaushona mtungi kama mama yake alivyoshona vibuyu,
kifundo, kifundo, ulimi umetoka nje kidogo.
Ilimchukua hadi saa ya chai.

Kampala watu waliuzunguka, mikono nyuma.
Bibi mmoja mwenye miwani aliuliza nani aliuvunja.
Nikasema: babu.
Akanipa pole. Sikumrekebisha.

Niliporudi nao, umefungwa kwenye blanketi,
mama aliuliza, “Haukununuliwa?”
“Haukununuliwa.”
“Basi utie maua.”
“Hauwezi kushika maji, mama.”
Akafikiri, gunia mkononi.
“Basi maua makavu.”